Tangawizi Kumi na Moja za Tuta la Kumi na Nne

Saa moja asubuhi, ukungu bado umelala juu ya kata ya Mamba, milimani Same. Eliwaza Naftali, 53, amepiga magoti kwenye tuta la tangawizi, anafukua udongo kwa vidole kutafuta dalili za kuoza.

"Ukitumia jembe unaijeruhi, na hapo ugonjwa umeshapata mlango," anasema.

Kwa miaka sita mama huyu ametunza shamba la watafiti wanaosaka, ndani ya vinasaba, siri ya tangawizi isiyooza. Aliishia darasa la saba, lakini matuta yake arobaini anayajua kama wanawe.

Mwaka jana ripoti ya utafiti ilipelekwa kwenye jarida la kisayansi. Huko husomwa kwanza na wataalamu wasiotajwa majina, nao wanaweza kuikataa. Mmoja wao akauliza: tuta la kumi na nne lilipandwa vipande vya tangawizi moja, iweje vinasaba vya mimea yake vionyeshe koo mbili?

Mtafiti, Dk. Wilson, akapiga simu. "Shikamoo mama. Tuta la kumi na nne lina nini?"

Eliwaza alijua jibu. Msimu tuta hilo lilipopandwa, majirani walikuja kwa msaragambo, ile kazi ya kusaidiana ya Wapare. Walipoona mapengo mahali ambapo tangawizi haikuota, wakajazia mbegu za kwao, kwa wema tu. Aliona haya kung'oa zawadi, akanyamaza.

"Nilijua kazi imeota mbawa," anasema. "Lakini nikajiuliza, huyu aliyeuliza ameona akiwa huko aliko, mimi niliye hapa nifumbe macho? Nikasema yote."

Kisha akatoa daftari, akamsomea. Alikuwa ameandika kila shimo lililojazwa: hili la Agatha, hili la mzee Sifael. Yalikuwa kumi na moja, yaleyale yaliyoonekana maabara. Yakaondolewa kwenye hesabu, matokeo yakasimama, ripoti ikapita.

"Bila daftari lile tungetupa miaka sita," anakiri Dk. Wilson.

Msimu ujao Eliwaza anataka kupanda shambani kwake mbegu sugu isiyooza iliyotokana na utafiti huo, kisha awagawie majirani walewale. Alitaka pia kumtumia muulizaji kiroba cha tangawizi, akaambiwa hata Dk. Wilson hamjui.

"Basi kila mgeni wa utafiti anayepanda mlima kuja huku namwekea chai ya tangawizi," anasema. "Akiinywa namtazama, najiuliza kimoyomoyo: ni wewe?"