Mkono wa Karani wa Stoo

Watu wakisikia kwamba nimeishi kwa kuandika na kutayarisha katuni za televisheni, wanadhani ni kazi ya kuchekacheka tu. Yangu ilianza kwa kukodolea macho balbu.

Tulikuwa Kisangani, enzi za chama kimoja, nami nilikuwa mpiga taipu katika kituo cha televisheni. Nilimsumbua mkuu wa kituo mpaka akaniruhusu kutengeneza hadithi fupi ya familia nzima: mboloko, yule swala mdogo wa msituni, akitafuta njia ya kuvuka mto. Nilimkata kwa karatasi ngumu, nikamlaza mezani chini ya taa mbili, kamera ikiwa juu yake. Unasogeza mguu kidogo, unapiga picha moja, unasogeza tena. Mkanda ulisafishwa mji mkuu, ukarudi kwa ndege baada ya wiki sita. Mboloko alitembea vizuri, lakini mwanga ulipanda na kushuka mpaka macho yakauma. Mkuu akasema umebaki mkanda mmoja tu. Nikiuharibu, narudi kwenye taipu na habari za wanyama wa karatasi ziishe.

Mwingine angelia. Mimi, kusema kweli, nilitaka kujua kwa nini.

Wiki nzima nilitazama balbu, daftari mkononi, nikiandika kila saa ilipofifia. Kiwanda cha nguo kikiwasha mashine, inafifia. Vinu vya mihogo vikianza, inafifia tena. Umeme wa maporomoko ya Tshopo tulikuwa tukigombania sote, na taa zangu ndizo zilizoshindwa. Balbu ilitulia kabisa Jumamosi asubuhi tu, wakati wa salongo, ile kazi ya lazima ya usafi, mji mzima ulipozima mashine na kushika majembe na mifagio.

Hapo nikaogopa. Kukosa salongo hakukuwa jambo la mzaha. Majina ya watoro yalipelekwa kwa chama. Na aliyeshika daftari la majina pale kituoni alikuwa karani wa stoo, mzee mkali ambaye hakumsamehe hata aliyefiwa. Jumamosi mbili niliitika jina langu, kisha nikachomoka na kujifungia ndani na mboloko wangu. Ya tatu, alifungua mlango kwa ufunguo wake.

“Citoyenne, unafanya nini huku? Batu bote beko inje.”

Ndivyo tulivyoitwa wanawake enzi zile: citoyenne, mwananchi. Nilimweleza yote: balbu, kiwanda, mkanda wa mwisho. Akainama juu ya mboloko.

“Alors, nikisukuma hii muguu yake, atatembea kweli?”

Akaegemeza jembe ukutani. Tulifanya kazi mpaka saa sita, yeye akisogeza, mimi nikipiga picha, na alikuwa na subira kuliko mimi. Mara moja tu nilibonyeza kabla hajaondoa mkono. Picha ikishaingia kwenye mkanda haitoki, nami nilimwomba radhi. Aliutazama mkono wake, mbele na nyuma.

Mkanda uliporudi, mwanga ulikuwa umetulia. Mkono ulipita upesi mno, mkuu hakuuona, akaagiza mikanda mingine. Kazi nikaipata.

Jioni ya kuonyeshwa, karani alinialika kwake, mtaani, katika komini ya Tshopo. Sebule ilijaa mke, mashemeji na majirani, wengine wakichungulia dirishani. Alikuwa amewaambia wote wautazame mkono wake. Mboloko akatembea, akavuka mto, watu wakapiga makofi. Mkono haukuonwa na mtu. Hata mimi, niliyejua pa kutazama, niliukosa.

Wakaanza kumtania: mkono uko wapi, papa, uliusahau stoo? Shemeji mmoja alicheka mpaka akatoka nje. Mzee alinigeukia mimi, na sikuwahi kumwona akimwomba mtu kitu mpaka siku ile.

“Citoyenne, we uliuona?”

“Niliuona, papa,” nikasema. “Wazi kabisa.”

Akawageukia wenzake. “Mulisikia,” akasema, akaketi.