Jirani wa Rimoti

Jirani yangu haamini mvua mpaka stesheni ya ng'ambo iitangaze. Hutembea na rimoti kwapani, na kabla ya kusema lolote huipangusa kwa pindo la shati. Jana alinigongea mlango.

"Dada, wametangaza mtaa wetu unateketea!"

Nikachungulia nje. Nguo zangu zilikuwa kwenye kamba, kuku wanachakura, moshi hakuna.

"Moto uko wapi, kaka?"

"Utabishana na wenye kamera?"

Nilicheka mpaka nikashika mbavu. Mara binti yangu akapiga simu kutoka ughaibuni, analia. "Mama, mmeungua?"

"Tuko salama, mwanangu."

"Una hakika?"

Nikakata simu, nikajaza ndoo zote maji, kisha nikakimbilia sebuleni kwa jirani kuangalia kama tumenusurika.