Marehemu Alikuwa wa Nani?

Kifo chake nimeambiwa na watu watatu kwa siku moja, na kila mmoja amenipa marehemu tofauti. Asubuhi jirani yangu, ambaye wazazi wake walishuka kutoka kaskazini mwa jimbo letu la Shaba kuja kujenga reli, aliniambia kwa huzuni kwamba watu wa kaskazini wamepata pigo. Mchana fundi seremala mmoja wa Kenya, mtaa wa hapa mjini, Mbemba wa upande wa Luapula, akaniambia kwamba waliofiwa ni wao. Jioni nikakutana na mwalimu ambaye baba yake alitoka Kasai, naye akavua kofia na kusema, "Tunapoteza muntu yetu." Niliwapa pole wote watatu, maana adabu haichagui. Lakini nilipofika nyumbani nilikaa kitako nikajiuliza makabila matatu yanafiwaje na mtu mmoja. Wasomaji wangu wa siku zote wanajua kwamba mimi huamini nusu ya ninachoambiwa, na ile nusu nyingine naianika kwanza juani.

Alikuwa na kiti katika biro moja ya migodi, biro ya kuandikisha watu kazi. Mnazijua biro za namna hiyo. Kijana anayeandikwa pale hapati mshahara tu. Anapata nyumba ya kambi, anapata mposho wa unga na samaki wa chumvi, mke wake anapata kitanda cha kujifungulia, na watoto wake wanapata shule. Akirudi mtaani, hata salamu anazopewa zimebadilika. Kwa hiyo kila mtu alitamani mwenye kiti kile awe ndugu yake, na yeye, Mungu amrehemu, hakumnyima mtu undugu. Nchi ilipotuamuru tuyaache majina ya ubatizo na kuchukua ya mababu, wengi wetu tulikwenda kuwauliza baba zetu. Yeye alichukua jina ambalo Waluba wa Kasai wanalo, Waluba wa hapa Shaba wanalo, na Wasanga nao wanalo. Watu walisema ni bahati. Mimi nilisema, bahati gani hii yenye akili kiasi hiki?

Basi nikaanza kumchunguza. Sioni haya kulisema, kwa kuwa mji mzima ulikuwa unachunguzana, mimi angalau nilifanya bila kulipwa. Jumapili moja, katika baa ya Kenya, nilimsikia akisimulia mafuriko ya mto Lualaba kule kaskazini kama mtu aliyeyakimbia akiwa mtoto. Baadaye tukawa pamoja harusini katika mtaa wa Ruashi, na pale alikuwa akitaniana na watu wa Luapula kwa Kibemba safi, akiwaita binamu. Nikajiambia kwamba mtu anaweza kujifunza lugha, lakini akiumia ghafla atalia kwa lugha ya mama yake. Nikaisubiri siku hiyo. Ikaja kwenye uwanja wa ndege wa Luano, tulipokuwa tumepangwa juani na suti zetu za abakosti kumpokea mkubwa mmoja wa chama. Dereva alifunga mlango wa gari na vidole vya huyu niliyemchunguza vikabaki humo. Nilitega masikio yote mawili. Akapiga kelele, "Mama!" Nikakasirika kweli, kwa sababu neno hilo kila kabila linalo. Hata maumivu yake niliyaona yana hila.

Tulipokuwa tunamfunga kitambaa nilimuuliza waziwazi kwao ni wapi. Hakukasirika. Alinitazama kama mtu anayetazama mteja wa mwisho wa siku.

"Nduku yangu," alisema, "ile ulizo banaulizaka ku mulango ya biro yangu kila asubuyi. Hapana miye njo nilianzisha. Muntu anaingia, mbele ya kusema kazi gani anajua, anasema, 'Baba, miye niko mutoto ya kwenu.' Nimujibu nini?"

"Umujibu kweli," nilisema.

"Kweli ya nani? Nikisema hapana, anaenda kusema miye najivuna. Nikisema ndiyo, anafurahi. Wewe ungesema nini?"

Niliondoka na hasira yangu. Niliona amenizungusha, na hadi leo sehemu ya moyo wangu inaona hivyo. Lakini tuseme ukweli kuhusu mji wetu. Mkutanoni chama kinatuambia kwamba makabila yamekwisha, sote ni sitwayeni, raia walio sawa, na sote tunapiga makofi. Mkutano ukimalizika, mtu anamwinamia mwenzake na kunong'ona, "Yule iko muntu yetu?" Huyo huyo akipanda cheo, akahamishwa kutoka kambi ya wafanyakazi kwenda nyumba za makada, wakubwa wa migodi, zenye bustani, binamu zake wa jana wanamwona wa kabila jingine kabisa, kabila la wenye friji. Akishushwa cheo, hata lafudhi yake inagunduliwa kuwa ngeni. Waswahili wa pwani husema damu ni nzito kuliko maji. Hapa kwetu nimeona kiti kikiwa kizito kuliko vyote viwili.

Nilikwenda kwenye kilio chake, na siwezi kujifanya kwamba nilikwenda kwa huruma tu. Nilitaka kuona ni ukoo gani utajitokeza, maana kwenye kilio hakuna kujificha. Kama kawaida, mikeka na mabenchi viliwekwa pande mbili, upande wa ndugu wa mke na upande wa ndugu wa bwana. Baada ya mazishi lazima pande hizo zisemezane. Wa upande wa bwana ndio wanaosema mtu wao alikufa kwa nini, ndio wanaomwosha mjane na kumfungua kutoka matangani, na ndio wanaosema mbele ya watu watoto ni wa nani. Bila wao, mjane anabaki amefungwa, na watoto wanabaki bila mlango wa kubisha. Na huyu mjane alikuwa na watoto wanne, na nyumba ya kampuni ilikuwa inangoja mtu mwingine.

Mjomba wa mjane alisimama. "Upande ya bwana, tunabasikia," alisema.

Benchi lilikuwa tupu. Na watu walikuwa wengi! Jirani yangu wa kaskazini alikuwepo. Fundi wa Luapula alikuwepo. Mwalimu alikuwepo, ameshika kofia. Wanaume waliovaa abakosti nzuri, walioingia kazini kwa mlango wa marehemu, walikuwa wamesimama ukutani. Mjomba aliuliza tena. Jirani yangu akasafisha koo na kusema kwamba wao walifikiri ni mtu wa Luapula kwa upande wa mama. Fundi akasema hapana, wao walijua ni Mkasai. Mwalimu akasema bila shaka kuna ndugu kijijini, watafutwe. Kijiji gani, hakusema. Nilikuwa nimengoja miaka yote nimkamate mtu mmoja akiwa mwongo, na sasa nilikuwa nawatazama hawa wengine wote wakisema uongo mchana kweupe.

Hapo ndipo mjane aliposema. Mila inamtaka anyamaze, na wanawake walijaribu kumshika.

"Musitafute," alisema. "Yee mwenyewe hakujua. Baba yake alikufa mu mugodi, yee iko mutoto mudogo sana. Mama yake akaolewa na muntu ingine, na ingine. Alizaliwa mu kambi, akakomea mu kambi. Kila nyumba ilimufundisha luga yake na ikamupa bukari ya kula. Alikuwa anasema kwao ni fasi yote kwenye banamukubali. Ninyi njo mulimukubali. Ao mulikubali kiti?"

Akainuka kutoka mkeka wa kwao, akavuka uwanja miguu mitupu, akaketi kwenye lile benchi tupu. Akawaita watoto wake, nao wakaja mmoja mmoja wakapangana kandokando yake.

"Upande ya bwana njo huu," akamwambia mjomba wake. "Uliza, tutajibu."

Mzee wa watu aligeuka akalielekea lile benchi. Kisha akauliza maswali yote ya desturi, moja baada ya jingine, na mpwa wake akayajibu yote. Nililia, na sioni sababu ya kuficha.

Wakati wa kuaga nilimwendea nikasema kile ambacho sote husema: "Mama, kukiwa na neno lolote, sisi tupo."

Akaniangalia bila chuki. "'Sisi' ni banani, baba?" aliuliza.

Nilikuwa na kabila langu, na chama, na wasomaji, na meza yangu ya Jumapili pale baa, na sikuweza kumtajia hata mmoja. Tangu siku hiyo, nikisikia mtu akisema "yetu" au "sisi", simwulizi tena katoka wapi. Ninatazama tu kama angevuka uwanja ule akaketi.