Mkuki wa Moto ni Silaha au ni Moto?

Leo Filomena amemuua shujaa wake mwenyewe, na sisi wengine tulikuwa tunamtetea.

Tulikuwa wanne, kwangu Katandala, tunacheza mchezo wetu wa kete na hadithi, ambao kila mchezaji ana shujaa wake wa kubuni aliyeandikwa kwenye karatasi. Mimi ndiye msimamizi: nasimulia hadithi na kuamua mambo ya sheria.

Shujaa wake ana uwezo mmoja: akipandwa na hasira, jeraha la silaha linampata nusu tu. Moto unampata wote.

Sasa adui kamchoma mkuki uliotoka tanuruni, mwekundu kabisa.

Tukiuita silaha, anapona. Tukiuita moto, anakufa.

Kitabu cha sheria hakisemi kitu. Sisi watatu tukasema ni silaha. Kweli tunampenda yule shujaa.

Filomena, ambaye kazi yake ni kuchomelea mageti, akapandisha mkono wa sweta. Ana kovu refu, sikuwahi kuliona.

“Hili ni la chuma cha moto, kilinikata na kuniunguza,” akasema taratibu. “Maumivu ya kukatwa niliyasahau siku ileile. Ya kuungua yalininyima usingizi wiki mbili. Andika moto.”

Nikaandika. Akaikunja karatasi ya shujaa wake, akaomba chai.

Bado najiuliza kama nimeamua sawa. Wewe ungeandika nini?

Mliowahi kuungua, anzeni ninyi.