Picha ya Kufika Salama

Waendesha boda wa stendi yetu ya Arua humpiga picha abiria wa safari ndefu, akiondoka na akifika, kisha huiweka kwenye kundi lao la wasapu. Ni usalama, wanasema. Usalama wa nani? Siku ile ya kwenda Koboko nilisahau kuuliza. Nilikuwa nakwenda kumwona kijana ambaye kwetu hakuna aliyemjua, na nilitaka iwe hivyo mpaka niwe na hakika naye.

Hata chai hatujamaliza kwake, simu ikalia. Shangazi yangu, anayewapikia waendesha boda na yumo kwenye kundi lao.

"Wewe mtoto! Huyo wa shati nyekundu iko nani?"

Nilitazama mlangoni, nikatazama dirishani. "Shati gani, shangazi?"

"Iko nyuma yako kwa picha. Anacheka kama mutu amepewa ng'ombe!"

Kijana alisikia, akacheka vilevile. Nilitaka kukasirika, nikajikuta nacheka pia.

Jioni nikianza safari ya kurudi, mwendesha boda alipoinua simu, niliziba kamera kwa kiganja. Hakika yangu nilikuwa nimeshaipata, na sikutaka shangazi aione usoni mwangu kabla sijamwambia kijana mwenyewe.