Pepo wa Msufi Wetu Aliletwa kwa Lori

Pepo anayekaa kwenye msufi ulio nyuma ya nyumba yetu aliletwa kwa lori.

Sitanii. Nilikuwepo alipopakuliwa.

Watu wa sinema walikuja wilayani kwetu Birbhum kwa ajili ya makorongo yetu ya udongo mwekundu. Walipouona msufi wetu umechanua, wakaamua mke wa kwenye filamu afie hapo, arudi akiwa pepo wa mwanamke aliyeolewa, yule anayejulikana kwa bangili nyeupe za kombe la baharini. Wakapakua sanamu yake kutoka kwenye lori, wakaitundika mtini, wakapiga picha, wakaondoka nayo.

Filamu ilipotoka, wachumba wa binti yangu Jhumpa wakaanza kukimbia.

"Dada, mti ule tunaujua," alisema mama wa kijana wa kwanza, kitamu cha rosogolla kikiwa bado mkononi.

"Ni mti wa sinema tu, dada."

"Na zile bangili nazo za sinema?"

Nikageuka. Bangili mbili nyeupe zilining'inia tawini.

Wageni wa pili, hivyo hivyo. Mshenga wetu, Khiroda, akaninong'oneza, "Mama Jhumpa, mimi naunganisha watu. Mapepo siyawezi."

Nilikonda. Mume wangu, aliyekuwa kwenye kazi ya ujenzi huko mbali Kerala, kila akipiga simu aliuliza: binti anaolewa lini?

Asubuhi moja nikachukua ufito, nikaziangusha. Nilitarajia plastiki. Zilikuwa kombe halisi, moja ikiwa na ufa uliofungwa uzi mwekundu.

Uzi ule niliufunga mimi. Zilikuwa bangili zangu za harusi, nilizozihifadhi sandukuni zilipoanza kunibana.

Nilimkuta Jhumpa kisimani, nikamwonyesha.

"Nataka kumaliza shule, mama."

"Mbona hukuniambia?"

"Nilikuambia. Ukasema nyamaza, wageni wanasikia." Akavuta ndoo. "Wewe jioni unakwenda darasa la watu wazima, unarudi unacheka. Mimi ndiye nitolewe darasani?"

Nikazifunga bangili kwenye upindo wa nguo yangu.

Alhamisi Khiroda alileta wageni wa tatu, akiwa amewaapia kwamba mti ni safi. Nikawapa chai.

"Dada," akauliza mama wa kijana, "wanasema hapa pana pepo. Kweli?"

Nilitazama dirishani. Bangili zilikuwa zimerudi tawini. Safari hii nilizitundika mimi.

"Yupo," nikasema. "Na bado anasoma."

Tangu siku ile mume wangu amenuna, hapigi simu, nami silali vizuri. Lakini nawaambia wazazi wenzangu: mtoto uliyemnyamazisha hajanyamaza. Anatafuta tu mdomo mwingine wa kusemea.