Umati wa Kanda ya Arobaini

Mtunza kanda wa kituo chetu cha televisheni amefuga ukucha mmoja mrefu, wa kidole cha mwisho, wa kunasulia utepe uliokwama, na chumbani mwake ni marufuku kupiga chafya. Kila kanda huinusa kabla ya kuipachika kwenye mashine, kisha hutangaza, "Bado nzima," kwa sauti ya daktari aliyekosa mgonjwa. Watengenezaji wa filamu za siasa na uchumi humjia maneno yao yakiwa yameshaandikwa. Wanachotafuta ni picha za kuyatolea ushahidi.

Juzi nilimpelekea mwongozaji mmoja, miwani juu ya kichwa, aliyetaka "wananchi wakishangilia soko huria". Akawekewa kanda ya arobaini kwenye mashine bila hata kutazamwa usoni. "Umati huu hodari sana, mwanangu," mzee akasema. "Umeshangilia kutaifisha, umeshangilia kubinafsisha, na mwaka jana ukashangilia noti mpya. Haujawahi kunigomea." Nikamuuliza, siku ile yenyewe walikuwa wanashangilia nini? Akagusa pembe ya skrini kwa ule ukucha. "Lori la sukari. Lilikuwa halijaonekana miezi mitatu."

"Hilo tutalikata," mwongozaji akasema.

"Wote hulikata." Ukucha ukahamia kwa mwanamke wa mstari wa mbele, mikono juu, mdomo wazi. "Ila huyu muache. Ni mama yangu. Tangu afe, hajakosa kazi hata mwaka mmoja."